Bunduki Iliyokosewa Kiwandani

Benchi la nje ya duka la Pomeroy zamani lilikuwa la kanisa la Kilutheri, na wanaolikalia sasa wanaongea kuliko mchungaji yeyote aliyewahi kulitazama kutoka mimbarini. Duka lenyewe linauza misumari, chakula cha kuku, chambo cha samaki na bunduki, na katika mji wetu huu wa Lindahl hakuna atakayekuuliza kwa nini vitu hivyo vinakaa chumba kimoja. Kila asubuhi, baridi iwe kali vipi, wazee watatu wanajipanga pale na vikombe vyao vya bati wakingojea chupa ya kahawa. Chupa ilikuwa ya Ruben Engebretson. Ruben alipofariki, mkewe Marlys aliileta siku moja, kwa heshima tu, awamiminie marafiki wa marehemu mara ya mwisho. Kosa hilo! Kesho yake aliwakuta wamekaa pale pale wanatazama njia. Sasa majira ya baridi ya pili yanabisha hodi, na Marlys bado anapika, bado anabeba, bado anamimina, na hajatokea hata mmoja wa kusema shemeji, shika hii paketi ya kahawa.

– Leo sikai, akasema Marlys akimmiminia wa kwanza. Nawamiminia, halafu naingia humu dukani kwa Nadine kununua bunduki.

Vikombe vyote vikasimama hewani.

– Bunduki ya nani? akauliza Wendell Skoglund.

– Yangu.

– Yako wewe, shemeji?

– Kuna Marlys mwingine hapa?

Wendell ndiye wanayemwita Zama Zile, kwa sababu kwake yeye hakuna kitu kilichotengenezwa vizuri tangu siku aliyoanza kupoteza nywele. Magari, mkate, theluji, vyote vimeharibika.

– Ya nini sasa? Umeona dubu nyumbani?

– Ya ligi ya Alhamisi. Timu ya Bernadine Maki imebaki na wanawake watatu. Anataka wa nne.

Wakacheka. Walicheka kwa adabu, maana wawili walikuwa hawajamiminiwa bado.

Marlys alijua wanachochekea. Ligi ile hupigwa kule chini ya ukumbi wa wanajeshi wastaafu, watu wamelala kifudifudi kwenye mikeka, kila mmoja na karatasi yake mbele yenye duara jeusi dogo kama sarafu. Bunduki zenyewe ni hizi ndogo zinazoitwa ishirini na mbili, zinazokula risasi nyembamba za bei ya karanga. Majira yaliyopita Wendell alimwazima yake, na Marlys akalala pale, akalenga, akafyatua, na risasi zake zikaenda kutoboa karatasi ya jirani. Si moja wala si mbili. Yule jirani, mama mmoja wa timu ya Cass Creek, alipohesabiwa alikutwa na matundu mengi kuliko risasi alizopewa. Ukumbi mzima ulishika mbavu. Tangu siku ile kijiweni wanamwita Mfadhili.

– Mfadhili anarudi! akasema Lyle Boudreau, akijipigapiga paja. Hao wa Cass Creek wamesikia? Watakuja na karatasi kubwa safari hii.

Na huyu naye anamcheka nani? Lyle anaitwa Kulungu Mmoja kwa sababu katika maisha yake yote ameua kulungu mmoja tu, na wapo wanaosema huyo mmoja alikuwa ameshagongwa na lori la maziwa, Lyle akamalizia.

– Bernadine amesema safari hii kila mtu aje na bunduki yake, akasema Marlys. Hataki za kuazima. Na anataka jibu leo kabla Nadine hajafunga duka. Nisipokuwa nayo, nafasi inakwenda kwa mkamwana wako, Wendell.

– Mkamwana wangu ana shabaha, akasema Wendell, bila hata aibu.

Marlys akammiminia. Alimmiminia nusu kikombe.

Alhamisi zilikuwa za Ruben. Jua likizama alichukua begi lake refu, akambusu Marlys kwenye paji la uso, akaenda kupiga karatasi zake, na akirudi alinukia baruti na supu ya ukumbini. Siku hizi Alhamisi Marlys anawasha televisheni na redio kwa pamoja, na bado anaisikia friji ikinguruma. Nyumba ilikuwa inamuumiza, hakuwa na namna nyingine ya kulisema. Alitaka jioni moja kwa wiki ya kuvaa koti na kuwa na mahali pa kwenda, na akifika huko asiwe kichekesho. Akishindwa mara ya pili hatajaribu tena, alikuwa anajijua.

Ndiyo maana akafanya kosa la pili, akawauliza.

– Sasa niambieni. Ukuta wa Nadine umejaa. Nataka ya bei nafuu, inayokula risasi za kawaida nisifilisike kwa mazoezi, na isinitie aibu. Nichukue ipi?

Lo! Kwani aliuliza? Wazee walikaa sawa kwenye benchi utadhani wameitwa mahakamani kutoa ushahidi.

– Tatizo lako si bunduki, shemeji, akaanza Harlan Kivela. Tatizo lako ni darubini.

Huyo wanamwita Darubini. Kila kitu yeye anataka akifungie darubini juu, na mkewe anasema anashukuru kijiko cha supu hakina mahali pa kupigilia skrubu.

– Ligi hairuhusu darubini, Harlan.

– Hawaruhusu kwa sababu hawajaona nzuri. Ile yangu mimi, ukiitazama, nzi akitua kwenye ile karatasi unaona amenyoa au hajanyoa.

– Hiyo yako umeshawahi kuipigia? akauliza Marlys.

– Naitunza.

– Chini ya kitanda.

– Nani kakwambia?

– Mkeo. Anasema kila akifagia anaizunguka kama mtoto aliyelala. Bado iko kwenye nailoni yake.

Harlan akanywa kahawa kwa kelele.

– Achana na huyu na vioo vyake, akasema Wendell. Sikiliza, shemeji. Mbao na chuma. Kitako cha mti wa mjozi, mtutu mzito, kitu ambacho ukikiangusha mguuni unakwenda hospitali. Siku hizi wanaweka vitako vya plastiki. Plastiki! Ile inatoa jasho. Mkono unateleza, risasi inakwenda kwa jirani.

– Ile niliyopigia ilikuwa yako, Wendell. Ya mbao.

– Uliishika kama ya plastiki.

Watu wana majibu jamani! Marlys akajisemea kimoyomoyo, Ruben wangu, uliwezaje kukaa na hawa?

– Na nikwambie kitu kingine, Wendell akaendelea, maana akishapata moto hazimiki. Viwandani hakuna watu siku hizi. Ingia humo ndani ukatazame ukutani, ile ya mwisho kabisa, karibu na mitego ya panya. Komeo, lile la kuvuta utoe ganda uingize risasi nyingine, wameliweka upande wa kushoto. Kushoto! Mlevi mmoja kaifunga kinyume, na msimamizi naye amelewa, wakaitia kwenye boksi wakaileta Lindahl. Ina miaka pale. Nadine anashusha bei kila Krismasi na hakuna anayeigusa.

– Ile ni ya kupigia ukitazama kwenye kioo, akasema Lyle.

Wakacheka wote, na Marlys naye akacheka. Bunduki iliyokosewa kiwandani ilikuwa kichekesho cha zamani pale. Ruben mwenyewe ndiye aliyekuwa akisema ataivalisha kofia aisimamishe shambani ifukuze kunguru.

– Sasa nyie mnampotezea muda, akasema Lyle. Shemeji, nunua magnamu. Ni ishirini na mbili vile vile, lakini risasi yake ndefu, ina roho. Ukifyatua, hata aliye ng'ambo ya ziwa anajua umefyatua.

– Boksi moja la hizo ni sawa na maboksi mangapi ya kawaida?

– Usitazame bei. Tazama nguvu.

– Nguvu ya nini, Lyle? Karatasi haina manyoya. Haikimbii, haijifichi vichakani.

– Ndiyo hapo mnapokosea, wanawake. Karatasi ikipigwa na risasi dhaifu inapepea. Inapeperuka kidogo, risasi inayofuata inakosa. Ukiipiga kwa nguvu inatulia, inajua nani anaipiga.

– Na magnamu hairuhusiwi kule chini. Inatoboa ukuta wa nyuma.

– Basi chukua inayojipakia yenyewe. Unamwaga kumi wakati jirani yako hajamaliza kuvuta pumzi. Katika kumi, moja itaingia.

– Na tisa?

– Tisa unafadhili!

Wakaangua kicheko, Lyle mpaka akakohoa. Marlys akamtazama mtu huyu aliyemalizia kulungu wa lori la maziwa, akaona ajabu kwamba jua linamwakia yeye sawa na wenzake.

Harlan hakutaka kuachwa nyuma. Akasogea mbele ya benchi, akashusha sauti.

– Siri ni joto. Hizi risasi ndogo zinaogopa baridi. Usiku wa kuamkia ligi unalala nazo kwapani. Boksi zima.

– Kwapani.

– La kushoto, karibu na moyo. Mjomba wangu alikuwa analala nazo.

– Mjomba wako alishinda?

– Aliachika.

– Joto si kitu, akasema Wendell, na hapo uso wake ukawa mzito, kama mtu anayetoa habari za serikali. Mimi nimelifikiria jambo lile la mwaka jana. Nimelifikiria sana. Mnajua chini ya ukumbi kuna nini? Mgodi. Lile handaki la zamani la kuchimbia chuma linapita pale pale, kutoka kanisani mpaka kwa daktari wa meno. Na Mfadhili alilala mkeka wa upande gani? Upande wa kanisa. Na jirani yake? Upande wa mgodi. Sasa jumlisheni wenyewe.

– Nijumlishe nini?

– Ilivutwa! Chuma kimeivuta.

– Wendell, ile risasi haina chuma ndani yake.

– Hiyo ndiyo wanayokuambia.

– Kina nani?

– Wenye mgodi.

Lyle na Harlan wakaipima, kisha wakaanza kuitikia kwa vichwa polepole kama watu waliofunguliwa macho. Lyle akasema ndiyo maana hata kiatu chake kimoja kinachakaa upande akipita pale. Harlan akasema basi hapo panatakiwa darubini yenye dira ndani.

Marlys alisimama na chupa mkononi akiwasikiliza, na moyo ukawa unashuka. Alikuwa amekuja na neno moja la kuuliza, na sasa alikuwa hajui kama anunue bunduki au ahame mji. Kibaya zaidi, ndani yake kuna sauti ndogo iliyoanza kukubaliana nao. Labda kweli hawezi. Labda hakuna bunduki ya kumfaa mtu anayelenga karatasi yake akatoboa ya mwenzake.

Wendell akaiona sura yake, akakosea kuisoma.

– Shemeji, mimi nikushauri kama ndugu. Nenda Alhamisi, ndiyo, utoke nyumbani, si vizuri kujifungia. Lakini kuna vile viti vya nyuma. Ukae pale na chupa yako. Mkamwana wangu apige, wewe uwamiminie kahawa. Hiyo unaiweza.

– Hapo umesema, akasema Harlan.

– Kila mtu na pale anapofaa, akasema Lyle, akanyoosha kikombe kiongezwe.

Na Marlys, jamani, akakiongeza! Mkono ulikwenda wenyewe kwa mazoea. Kahawa ilipoanza kumwagika ndipo akajiona, na hasira zikampanda mpaka masikio yakawaka moto.

Kabla hajapata la kuwajibu, mwanamke mmoja akavuka barabara kutoka gereji iliyo mkabala, kavaa koti la mvua la manjano, anapulizia vidole vyake.

– Habari za hapa. Samahani, wazee wangu. Gurudumu langu limepasuka, fundi anasema bado kidogo. Kaniambia hapa huwa kuna kahawa.

– Ipo, akasema Wendell, kana kwamba kaipika yeye. Karibu. Unatoka wapi?

– Chicago. Naitwa Yolanda Reyes.

– Chicago! Pole.

Marlys akatoa kile kikombe chake mwenyewe, ambacho asubuhi hiyo hakuna aliyegundua kwamba hakijatumika, akakimiminia na kumpa mgeni.

– Asante, mama. Mungu akubariki. Mlikuwa mnagombania nini? Nimewasikia kutoka kule.

Wakamweleza wote kwa mpigo. Darubini, mbao za mjozi, plastiki inayotoa jasho, magnamu yenye roho, kwapa la mjomba, mgodi unaovuta. Walimweleza pia habari za mama wa Cass Creek na matundu ya ziada, na hapo wakacheka upya kama vile imetokea jana. Yolanda alikunywa kahawa akiwatazama mmoja mmoja.

– Mimi bunduki sijashika hata siku moja, akasema. Nauliza tu, msinicheke. Huyu mama anapigia mkono gani?

Gari la posta likapita. Ndani ya duka mtu aliangusha ndoo.

– Wa kulia, akasema Wendell.

– Una uhakika?

– Watu wote wanapigia wa kulia.

– Mimi nadhani wa kulia, akasema Harlan. Nadhani. Kwani wewe, Lyle, hukuwepo siku ile?

– Nilikuwepo. Lakini nilikuwa nacheka.

Lyle akageuza shingo amchungulie Marlys mikono. Marlys akaiona shingo ile. Akaibana chupa kwapani, akatia mikono yake yote miwili mifukoni.

– Usinitazame. Sema. Nawamiminia kahawa kila asubuhi iliyopambazuka. Kwa mkono gani?

Lyle akafumba macho. Akanyoosha kikombe chake hewani, akageuka kidogo kushoto, akageuka kidogo kulia, kama mtu anayekumbuka dansi ya harusini. Harlan naye akajaribu. Wendell akaona kama vile anadhalilishwa.

– Hilo swali gani sasa? Nani anatazama mikono? Mtu anatazama kahawa!

– Mimi nimeuliza kwa sababu kikombe kanipa kwa wa kushoto, akasema Yolanda kwa upole. Kama dada yangu. Yule hata mkasi tunamnunulia wa peke yake. Ukimpa mkasi wetu sisi anakata nguo badala ya uzi.

Hata mkasi!

Marlys alisimama pale, na neno hilo dogo likamwingia lote. Alikuwa anaandika kwa kushoto, anakula kwa kushoto, anakanda unga kwa kushoto, na jikoni kwake mpini wa kila sufuria unatazama kushoto. Lakini bunduki alikuwa amewekewa begani kulia. Aliyemwekea ni Ruben, kule kwenye machimbo ya kokoto, kiangazi kile cha uchumba wao. Alisimama nyuma yake, akamzungushia mikono, kidevu juu ya nywele zake, akasema, hivi, mpenzi, hivi ndivyo inavyoshikwa. Marlys hakuona shabaha yoyote siku ile, na hakujali, furaha ilikuwa imemjaa mpaka kooni. Baadaye alifumba jicho aliloambiwa afumbe, akabaki na lile lisiloona vizuri, akaamini kwamba yeye si mtu wa bunduki. Miaka yote ile ndani ya nyumba moja, meza moja, na Ruben hakuuliza. Na yeye hakusema.

Alimkasirikia. Tangu mazishi hakuwahi kumkasirikia Ruben, alikuwa anaona ni dhambi, lakini asubuhi hiyo alimkasirikia kabisa, akiwa amesimama mbele ya marafiki zake walafi wa kahawa, na hasira hiyo ikamfanya ajisikie yuko hai kama hakuwahi kuwa kwa muda mrefu. Akaiweka chupa juu ya benchi, akafungua mlango wa duka, akaingia.

Nadine Pomeroy alikuwa anaokota misumari iliyomwagika na ndoo.

– Niletee ile iliyokosewa kiwandani, akasema Marlys.

Nadine akanyanyuka, akamtazama usoni, kisha akamtazama mikono.

– Haijakosewa, akasema. Ni ya mashoto. Wanatengeneza kwa makusudi. Hao wa nje niliwaambia siku ya kwanza ilipofika, lakini wewe umeshawahi kuwaona wamenyamaza wakasikia kitu?

– Na mimi mbona hukuniambia?

– Hukuwahi kuniuliza habari za bunduki, Marlys. Ulikuwa unakuja kununua vichujio vya kahawa.

Nadine akaishusha bunduki ukutani, akafuta vumbi kwa aproni, akavuta komeo nyuma na kumwonyesha kwamba ndani ni tupu, ndipo akampa. Ilikuwa nyepesi kuliko ya Wendell. Kitako chake kilikuwa cha plastiki nyeusi, na Marlys akatabasamu. Akaigeuza kuelekea magunia ya chakula cha kuku yaliyopangwa ukutani, akaiweka bega la kushoto, akalaza shavu, akafumba jicho la kulia kwa mara ya kwanza maishani mwake.

Kwenye gunia palichorwa jogoo. Mwaka jana kila alichokilenga kilikuwa kinatembea, kinakuwa viwili, kinarudi. Jogoo huyu alikaa. Alikaa kimya katikati ya kiduara cha kulengea na kishungi chake chekundu, akingojea. Marlys akavuta komeo kwa kushoto, likateleza bila kumpiga kikumbo cha kiwiko wala kumpindua shingo. Akalisukuma. Jogoo bado yuko pale pale.

– Nadine, akasema. Namwona.

– Bei yake nimeishusha mpaka naona haya kuitaja, akasema Nadine, akijifanya anapanga misumari. Nakuongezea na boksi kubwa la risasi za kawaida. Anza na hizo. Ukiona haizipendi, jaribu za kampuni nyingine, kila bunduki ina ulimi wake. Lakini zote za bei nafuu. Huhitaji zaidi.

Nadine akapiga simu ya ukaguzi, ile ya serikali ya kumchunguza mnunuzi wa bunduki, wakangojea wakizungumza habari za baridi, jibu likarudi kwamba hakuna tatizo. Kisha Marlys akaiomba simu hiyo hiyo akampigia Bernadine Maki.

– Bernadine. Niandike.

– Umepata bunduki?

– Nimepata.

– Umeazima?

– Yangu. Na mwambie yule mama wa Cass Creek safari hii ajitafutie matundu yake.

Kioo cha dirisha la duka kilikuwa na nyuso tatu zimebandikwa, na pumzi zao zimekitia ukungu. Marlys alipotoka na boksi refu kwapani, walirudi kwenye benchi haraka haraka, wakakaa kama vile hawakuinuka.

– Shemeji! Wendell akashika kichwa. Umenunua ile ya mlevi?

– Ndiyo.

– Ya plastiki! Komeo kinyume! Utaipigia wapi hiyo?

– Kule kwenye machimbo ya kokoto. Kila asubuhi mpaka theluji ianguke. Risasi zenyewe bei ya karanga, nitapiga mpaka nichoke.

– Kila asubuhi? akauliza Harlan, na wasiwasi ukamwingia usoni kabla hajajua unatoka wapi. Asubuhi hii hii?

– Ipo nyingine?

Lyle alikuwa ameshaishika chupa. Akaitikisa karibu na sikio, akaiinamisha juu ya kikombe chake. Likatoka tone moja, likasita, likaanguka.

– Imekwisha, akasema.

– Najua, akasema Marlys. Nawaachia. Ilikuwa ya rafiki yenu.

Akamshika Yolanda mkono, kwa mkono wake wa kushoto, akamshukuru, akamwambia gurudumu likipona apite salama. Yolanda akamwambia asante kwa kahawa, tangu Chicago hajanywa iliyomkolea namna ile. Marlys akavuka kwenda kwenye gari lake. Aliliweka boksi kiti cha mbele, pale alipokuwa akikaa yeye Ruben akiendesha, akalifunga mkanda.

Nyuma yake aliisikia ile sauti ya mgeni, ya upole vile vile.

– Sasa kesho nani ataipika? Kwani huwa anaiwekea nini?

Marlys akashika ufunguo bila kuuzungusha. Alishusha kioo kidogo, maana jibu hilo hata yeye alikuwa na hamu nalo. Aliwaona wazee watatu wanatazamana, chupa ya Ruben imesimama katikati yao, na Wendell amefungua mdomo. Alimngojea mpaka mdomo ukafungwa tena. Kisha akawasha gari, akaondoka.